Neno "Kiwango" katika Tafsiri za Upimaji wa Hewa

Mwaka jana ililetwa mezani petu rasimu ya tafsiri ya kijitabu kielezacho jinsi uchafu wa hewa unavyopimwa. Kijitabu hicho kimekusudiwa walimu, maafisa wa afya na watumishi wa halmashauri. Mfasiri wake ana Kiswahili kizuri, na sentensi zake zinasomeka bila kukwama. Hata hivyo, nilipofika ukurasa wa tatu nilikuta sentensi hii: "Kiwango cha uchafuzi kikizidi kiwango kilichowekwa, kiwango cha tahadhari hupanda." Nikachukua kalamu nikahesabu. Katika kurasa kumi na mbili neno "kiwango" limetumika mara arobaini na moja, nalo limebebeshwa maana zisizopungua tano.

Simlaumu mfasiri huyo. Sisi tulio katika kazi ya istilahi ndio tulioliachia neno hili liingie kila mlango: mara ni kiasi, mara ni kikomo, mara ni daraja, mara ni kasi, mara ni kile kinachotungwa na mashirika ya viwango. Katika mazungumzo ya kawaida hapana madhara makubwa, maana muktadha humwongoza msikilizaji. Lakini katika upimaji wa hewa muktadha wenyewe ni wa tarakimu, na tarakimu moja ikikosa jina lake sahihi yaweza kumfanya mtu atende kinyume cha alichokusudiwa kuambiwa.

Yafaa tuanze na kile kinachopimwa hasa. Njia ambayo nyingine nyingi hulinganishwa nayo ni ya mizani. Kichujio chembamba hupimwa uzito kikiwa safi, katika chumba ambacho joto na unyevu wake vimedhibitiwa. Kisha hutiwa ndani ya mtambo unaovuta hewa, kwa mfano mita moja ya ujazo kila saa, kupitia kinywa kilichoundwa ili kupitisha zile chembe ndogo tu, ambazo kipenyo chake hakizidi mikromita 2.5. Unywele wa mtu una unene wa mikromita kama 70. Basi msomaji na akadirie mwenyewe udogo wa chembe hizo, ambazo hupenya mpaka ndani kabisa ya mapafu. Baada ya saa 24 kichujio hupimwa tena. Ikiwa uzito umeongezeka kwa mikrogramu 600, na hewa iliyopita ni mita za ujazo 24, jibu ni mikrogramu 25 kwa mita moja ya ujazo.

Hiyo 25 tuiite nini? Rasimu inasema "kiwango cha uchafuzi". Mimi nasema ni "ukolezi". Neno hili limo katika istilahi zetu za kemia kwa muda mrefu, na lina asili jikoni, mahali ambapo kila Mswahili analielewa. Mpishi akisema chumvi imekolea, hasemi juu ya chumvi iliyotoka koponi, bali juu ya chumvi ilivyo ndani ya mchuzi. Kijiko kimoja hukoleza sufuria ndogo, na kijiko hicho hicho hupotea katika pipa. Ndivyo ilivyo kwa moshi wa magari: kiasi kile kile kikitoka katika kichochoro kilichobanwa na maghorofa, hewa hukolea, kikitoka ufukweni penye upepo, husambaa. Kwa hiyo yatupasa tuutenge "utoaji", ambao hupimwa kwenye bomba au dohani, kwa mfano kwa gramu kwa kila kilometa iliyokwenda gari, na "ukolezi", ambao hupimwa katika hewa wanayoivuta watu. Kijitabu kimeviita vyote viwili "kiwango cha moshi". Mtumishi wa halmashauri atakayekisoma atadhani kuwa magari yakiwa yamepita ukaguzi, basi na hewa ya mtaani imepita.

Kadhalika neno "uchafuzi". Limetokana na kitenzi "chafua", nalo hutaja tendo. Kinachonaswa kwenye kichujio si tendo, ni uchafu. Na kila kitu kimoja kimoja kichafuacho, kama vumbi, masizi au gesi, chaweza kuitwa "kichafuzi". Wapo watakaosema hii ni kuchambua nywele. Lakini sheria humwadhibu mtu kwa uchafuzi, na mtambo hupima uchafu. Mwenye kushtaki lazima aoneshe namna kimoja kilivyozaa kingine.

Sasa tuje kwenye "kiwango kilichowekwa". Hapa nakubali neno, kwa sharti kwamba libaki hapa. Mwaka 2021 Shirika la Afya Duniani lilitoa miongozo mipya: kwa chembe hizo ndogo, wastani wa mwaka usizidi mikrogramu 5 kwa mita ya ujazo, na wastani wa saa 24 usizidi 15. Katika miongozo ya mwaka 2005 wastani wa mwaka ulikuwa 10. Hiyo ni miongozo, yaani shauri la wataalamu, haimfungi mtu. Marekani, kwa upande wake, mwaka 2024 iliteremsha kiwango chake cha mwaka kutoka 12 hadi 9, nacho ni kiwango hasa, kwa sababu kina nguvu ya sheria nyuma yake. Mfasiri akiviita vyote viwili "kiwango", mwenye kiwanda atasema hajui amevunja kipi, na atakuwa na haki.

Jambo hili si la mbali kwa Tanzania. Kanuni za viwango vya ubora wa hewa zilitungwa chini ya sheria ya mazingira mwaka 2007, na tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2021 Kiswahili ndicho lugha ya sheria na ya mahakama nchini humo. Maneno tunayoyapendekeza leo yatasomwa kizimbani. Waingereza walilitambua hilo mapema. Baada ya ukungu wa moshi ulioifunika London mwezi Desemba 1952 na kuua maelfu ya watu, waliandika Sheria ya Hewa Safi ya mwaka 1956, na humo hawakuridhika kusema tu kwamba moshi wa giza umekatazwa. Walisema ni moshi wenye weusi ulio sawa na daraja la pili la chati ya Ringelmann, au kuushinda. Chati hiyo ni karatasi yenye mistari inayozidi kukolea; mtu husimama mbali na dohani akalinganisha kwa macho. Kipimo chenyewe kilikuwa hafifu, lakini neno lilikuwa limefungwa kwenye kipimo.

Mushkeli mkubwa zaidi wa rasimu hii umo katika ukurasa wa matangazo ya kila siku, ambapo mwalimu anapewa mfano: "Kiwango cha uchafuzi leo ni 60." Sitini ya nini? Katika nchi nyingi ukolezi hugeuzwa kuwa namba isiyo na kizio, yenye rangi na maelezo, ili mtu wa kawaida aielewe upesi. Namba hiyo twaweza kuiita "fahirisi", kama watakwimu wetu wanavyosema fahirisi ya bei. Kwa jedwali la Marekani la mwaka 2024, fahirisi 60 ni sawa na ukolezi wa mikrogramu 14 hivi. Rangi yake ni njano, na watoto wengi wanaweza kucheza nje. Lakini ukolezi wa mikrogramu 60 huleta fahirisi inayopita 150, rangi nyekundu, na hapo mwalimu anatakiwa apunguze michezo ya uwanjani. Tangazo moja, hewa mbili. Mwenye pumu ndiye atakayelipa gharama ya neno letu.

Isitoshe, fahirisi si moja duniani. Hewa yenye mikrogramu 50 za chembe hizo kwa wastani wa saa 24 huwekwa na India katika kundi la kuridhisha, ilhali Marekani huiita hewa yenye madhara kwa walio dhaifu. Tena hewa ya mikrogramu 10, ambayo Marekani ilikuwa kijani kabla ya mwaka 2024, sasa ni njano, na hali hewa yenyewe haikubadilika hata kidogo: mipaka ya jedwali ndiyo iliyosogezwa. Mtu hawezi kuyaeleza haya kwa Kiswahili ikiwa ukolezi na fahirisi vina jina moja. Atajikuta akisema kwamba kiwango kimebadilika bila kiwango kubadilika.

Kuna na neno "wastani", ambalo rasimu imelitumia kuwa jina la lile kundi la njano. Matokeo yake ni sentensi isemayo: "Wastani wa saa 24 ulikuwa wastani." Napendekeza kundi hilo liitwe "ya kadiri", na "wastani" libakie kwa hesabu, tena lisiandikwe kamwe bila muda wake. Wastani wa saa moja, wa siku na wa mwaka ni vitu vitatu, na ukolezi wa 15 unaovumilika kwa siku moja ni mara tatu ya ule unaoshauriwa kwa mwaka.

"Ubora wa hewa" nauacha, ingawa kwa shingo upande. Neno "bora" lina sifa ndani yake, na kwa hiyo "ubora mbaya" unakwaruza sikio. "Hali ya hewa", ambayo ingetufaa sana, imekwisha chukuliwa na mvua na jua. Wafasiri na waseme ubora umeshuka, au ni duni.

Mwisho ni kitenzi "kupima" chenyewe. Siku hizi vipo vihisi vya bei nafuu vinavyomulika hewa kwa mwanga na kusoma jinsi chembe zinavyoutawanya. Mradi wa AirQo wa Chuo Kikuu cha Makerere umevitandaza vifaa vya namna hii mjini Kampala na katika miji mingine ya Afrika, na husahihisha masomo yake kwa kuyalinganisha na ya mitambo rejea. Usahihishaji huo ni wa lazima, kwani unyevu ukizidi chembe hufura na kihisi husoma zaidi ya kilichopo. Mizani hupima uzito. Kihisi hukadiria uzito kwa kupima mwanga. Kijitabu kingeweza kulisema hilo kwa neno moja, "hukadiria", lakini kimeandika "hupima" kote, na msomaji hataona kwa nini vifaa viwili vilivyosimama ukuta mmoja vinatofautiana.

Rasimu imerudishwa kwa mfasiri, na katika nakala ya pili "kiwango" limesalia mara tisa, zote kwa maana ya kisheria. Lipo jambo moja ambalo hatukulipatia neno. Mtambo uliopo juu ya paa la ofisi hueleza ukolezi wa hewa ya pale juu; hauelezi hewa anayoivuta mama anayepika kwa kuni chumbani, wala utingo anayeshinda kituo cha mabasi. Kile kinachompata mtu kwa kuwapo mahali fulani kwa muda fulani kinahitaji istilahi yake. "Mfichuo" linaleta habari ya kufunua siri, "mkabiliano" linaleta ugomvi, na "kupatwa" linakumbusha mwezi na jua. Wasomaji walio na neno katika lahaja zao wanaombwa walilete kwa mhariri kabla ya kikao kijacho cha kamati ya istilahi.