Manthia Diawara: Kamera na Suala la Lugha

Manthia Diawara, aliyezaliwa Bamako mwaka 1953, alikuwa mhakiki wa sinema kabla hajawa mtengenezaji wa filamu za hali halisi, na uhakiki huo haukumtoka. Filamu yake kuhusu Sembène Ousmane (1994) aliiongoza pamoja na Ngũgĩ wa Thiong'o. Ushirika huo una maana. Sembène aligeukia sinema kwa sababu riwaya zake za Kifaransa hazikuwafikia wasiojua kusoma. Ngũgĩ naye alikwisha kutoa riwaya kwa Kigĩkũyũ mwaka 1980. Suala la lugha, basi, lilikuwapo tangu mwanzo wa kazi yake.

Katika Rouch in Reverse (1995) Diawara anamfuata Jean Rouch mjini Paris. Rouch, aliyetengeneza Les Maîtres fous (1955), ndiye yule ambaye Sembène alimshutumu mwaka 1965 kwa kuwatazama Waafrika kana kwamba ni wadudu. Safari hii anayetazamwa ni Mzungu. Hata hivyo mzee ni mcheshi, na kamera inakaribia kumsamehe kabla ya kumhoji sawasawa. Isitoshe, Rouch mwenyewe alikwisha kumpeleka Mwafrika Paris kuwapima Wafaransa katika Petit à petit. Silaha ya mshtaki imeazimwa kwa mshtakiwa.

Filamu ya mwaka 2015 kuhusu Unegro ni hodari zaidi kwa upande wa fani. Senghor alifariki mwaka 2001, lakini Diawara anazipanga picha zake za zamani hata zikaonekana kujibizana na Wole Soyinka. Anayeyajua malumbano ya Muyaka na washairi wa Lamu ataitambua fani hiyo mara moja, ingawa hapa mmoja hana tena nafasi ya kujibu, na haki ya mjadala imo mikononi mwa mkata filamu.

Lakini Senghor anasema Kifaransa, na Soyinka Kiingereza. Édouard Glissant pia, katika filamu iliyopigwa melini wakivuka Atlantiki, anafafanua falsafa yake kwa Kifaransa. Ni katika An Opera of the World (2017) tu ndipo lugha za Sahel zinapopata nafasi kubwa, kupitia opera ya Bintou Were iliyoonyeshwa Bamako mwaka 2007, kuhusu mama mjamzito anayetafuta njia ya kwenda Ulaya. Na hapo napo, Bintou anaimba. Wanaoeleza maana ya safari yake ni wasomi kama Alexander Kluge, kwa lugha za Ulaya. Lugha za Kiafrika zimeachiwa kilio, fikra zimepewa lugha nyingine.

Yaweza kusemwa kwamba Diawara ni profesa wa New York na hadhira yake ni ya huko. Utetezi huo haumtoshi mtu aliyeijua Mandabi (1968), ambamo Ibrahima Dieng anahangaika na hawala ya posta, anahesabu madeni, anashuku na kubishana, yote kwa Kiwolofu.