Sangria: Divai Isitangulie

Maelekezo mengi ya sangria huanza na divai. Fungua chupa mbili, mimina kwenye jagi, katia matunda, tia sukari na barafu, koroga, karibisha wageni. Kinachopatikana hapo ni divai baridi yenye vipande vya matunda vinavyoelea juu na sukari iliyotuama chini. Vitu vyote vinavyotakiwa vimo, tena huenda vimenunuliwa kwa bei nzuri, ila vimeingia jagini bila zamu. Sangria huiva kabla chupa ya divai haijafunguliwa, pale sukari inapokutana na ganda la chungwa. Karibu kila kasoro inayolalamikiwa mezani, iwe ni harufu hafifu, uchungu, umajimaji au gesi iliyokufa, chanzo chake ni kitu kilichotangulia kilichopaswa kufuata.

Tuwasikilize kwanza wenye kinywaji, Wahispania na Wareno. Kanuni ya Umoja wa Ulaya namba 251 ya mwaka 2014 inaruhusu neno sangria lisimame peke yake kama jina la bidhaa pale tu kinywaji kilipotengenezwa Hispania au Ureno. Nchi nyingine za Umoja huo lazima ziandike kwanza kwamba ni kinywaji cha divai kilichotiwa harufu, na kimetengenezwa wapi. Ulinzi wa jina ni habari ya wafanyabiashara. Kinachotuhusu sisi ni maelezo ya kinywaji chenyewe: ni divai iliyotiwa harufu kwa viini vya asili vya matunda ya jamii ya machungwa na malimau. Juisi ya matunda hayo inaweza kuwemo au isiwemo. Viungo hivyo hivyo, gesi hivyo hivyo. Rangi ya kuongeza ni marufuku, na kileo kisipungue asilimia 4.5 wala kisifike 12. Epo, pichi na zabibu hazikutajwa. Juisi imeachwa kuwa hiari, lakini harufu ya chungwa imefanywa sharti. Wamarekani wengi walikijua kinywaji hiki kwenye banda la Hispania katika Maonyesho ya Dunia ya New York ya mwaka 1964, na tangu hapo picha iliyoenea duniani ni ya jagi lililosheheni matunda ya kila rangi. Ni picha nzuri, lakini imewafanya watu wadhani kazi inafanywa na wingi wa matunda.

Harufu ya chungwa haikai kwenye juisi kwa kiasi kikubwa. Inakaa kwenye mafuta yaliyohifadhiwa ndani ya vifuko vidogo katika tabaka la nje la ganda, lile lenye rangi. Ukikunja kipande cha ganda mbele ya mwanga utayaona yakirukia hewani. Mafuta hayo hayapatani na maji, na divai ya asilimia 12 au 13 sehemu yake kubwa ni maji. Ndiyo maana mviringo wa chungwa uliotumbukizwa kwenye divai unatoa juisi yake upesi na kubaki na mafuta yake. Sukari inaifanya kazi ambayo divai haiiwezi. Chembe zake zikisuguliwa kwenye ganda hupasua vile vifuko, kisha huvuta majimaji na mafuta kutoka humo, kama chumvi inavyoivuta kachumbari ikatoa maji bakulini. Kwa jagi la watu kumi hivi, menya machungwa mawili na limau moja kwa kisu chepesi, ukichukua rangi tu na kuuacha ule weupe. Weka maganda kwenye bakuli pamoja na gramu 80 za sukari, yaponde kwa mwiko mpaka sukari ilowe na jikoni kunukie, kisha funika kwa saa moja. Baada ya hapo kamua machungwa yale yale na limau lile lile juu yake, koroga sukari iyeyuke, toa maganda. Hicho ndicho kiini cha sangria, na chupa bado imefungwa.

Msomaji wa Tanga au Mombasa asihangaike kutafuta machungwa ya rangi ya dhahabu. Chungwa la Muheza hubaki na ganda la kijani hata likiiva, kwa sababu ganda linahitaji usiku wa baridi ili lipoteze ukijani wake, na baridi hiyo pwani haipo. Mafuta yamo. Tena machungwa ya sokoni kwa kawaida hayajapakwa nta, tofauti na yale ya supamaketi yaliyosafirishwa kutoka mbali, ambayo yanataka kusuguliwa kwa maji ya uvuguvugu kabla ya kumenywa.

Wapo watakaosema haya yote ni usumbufu: katakata kila kitu, mimina divai, acha jagi lilale kwenye friji, na usiku utamaliza kazi. Pingamizi hili lina ukweli ndani yake, kwa kuwa muda unahitajika na ladha hazichanganyiki kwa dakika tano. Lakini usiku mmoja hautoi kile unachokitaka peke yake. Ule weupe wa chungwa, ngozi nyembamba za vipande vyake na mbegu zake vina kitu ambacho mwanzoni hakina ladha, ila kikikaa kwenye uchachu kwa saa kadhaa hugeuka kuwa limonini, ambayo ni chungu. Watengenezaji wa juisi wanaujua vizuri uchungu huu unaochelewa kujitokeza, hasa kwenye machungwa yasiyo na mbegu yenye kitovu. Divai ni chachu, kwa hiyo mviringo wa chungwa pamoja na ganda lake, ukilala humo, unaamka mchungu, na mwenyeji anajibu kwa kuongeza sukari. Matunda mengine nayo yana mipaka yao. Epo huhimili. Nanasi huhimili. Embe lililoiva, papai na ndizi huvurugika na kulifanya jagi kuwa uji. Saa mbili hadi nne za divai na matunda zinatosha kabisa. Anayetaka kujipunguzia kazi siku ya shughuli aandae kiini chake usiku wa kuamkia, akichuje, akiweke kwenye friji. Hicho hakiharibiki, kwa sababu weupe haumo.

Divai yenyewe nitaisema kwa ufupi, ingawa ndiyo inayogharimu fedha nyingi. Baridi huufanya ukali wa divai nyekundu, ule unaokausha ulimi, uhisike zaidi. Divai nzito iliyokaa miaka kwenye mapipa inakuwa kali ikipoozwa, na harufu za pipa ulizozilipia zinafunikwa na mafuta ya ganda. Divai changa na nyepesi ndiyo inayofaa, kama zinazotokana na zabibu za Garnacha au Tempranillo ambazo hazikupitishwa kwenye pipa. Lakini nyepesi si sawa na mbovu. Chupa iliyobaki wazi wiki nzima ikaanza kunuka siki haiokolewi na sukari. Sukari huficha uchachu ulimini, harufu ya siki haiigusi. Kwa wanaonunua divai ya Dodoma, soma lebo kwanza, maana ipo kavu na ipo tamu. Kwa vipimo vya Ulaya divai tamu huanzia gramu 45 za sukari kwa lita, kwa hiyo chupa mbili zinabeba gramu 67 au zaidi kabla hujaongeza chembe. Hapo sukari ya kuponda maganda ishuke hadi gramu 30, na kiongezwacho mwishoni kiwe maji ya gesi, si soda tamu.

Barafu ndiyo inayoharibu kuliko vyote, na hesabu yake haisemwi. Chukua lita 1.8 za divai na kiini zilizo kwenye joto la kawaida la Dar es Salaam, nyuzi 30. Kuzishusha hadi nyuzi 5 kwa barafu iliyotiwa ndani ya jagi kunayeyusha zaidi ya nusu kilo ya barafu. Hayo ni maji ya zaidi ya nusu lita uliyoyaongeza bila kukusudia, na soda haijaingia. Kinywaji kilichopoozwa kwanza kwenye friji hakikutani na tatizo hilo. Barafu ya kwenye glasi inakuwa na kazi ya kulinda baridi, si ya kuileta. Umeme ukikatika, ambalo si jambo la kushangaza, zungushia jagi barafu na chumvi ndani ya ndoo. Baridi itapita ukutani mwa jagi, na maji yatabaki nje. Gesi nayo inafuata sheria hiyo hiyo ya baridi: maji yaliyo karibu na kuganda hushika gesi takribani mara mbili ya maji ya nyuzi 20. Isitoshe, vipande vya matunda ni mahali ambapo mapovu huanzia, kwa hiyo soda iliyomiminwa kwenye jagi lenye matunda hutokota sana na kufa mapema. Iingie mwisho kabisa, ikiwa baridi, na ikiwezekana ndani ya glasi ya kila mgeni.

Pingamizi zito zaidi linatoka kwa wanaosema sangria bila brandi, au kwa kwetu konyagi, ni maji ya matunda. Tuipime hoja hiyo kwa vipimo. Chupa mbili za divai ya asilimia 13, mililita 300 za kiini na nusu lita ya maji ya gesi hufanya lita 2.3 zenye kileo cha asilimia 8.5 hivi. Glasi ya mililita 200 ina kileo halisi cha mililita 17, karibu theluthi mbili ya kilichomo kwenye bia ya nusu lita ya asilimia 5. Ongeza kikombe kimoja cha brandi, mililita 250, na jagi linapanda hadi asilimia 11.6, hatua chache tu kutoka kwenye mpaka wa ile kanuni ya Ulaya, na glasi ile ile sasa inaikaribia bia nzima. Harufu haikuongezeka kwa kiwango hicho. Pombe kali kweli huyeyusha mafuta ya ganda vizuri kuliko divai, na hapo ndipo ina haki ya kuwemo: vijiko viwili vya chakula, juu ya maganda na sukari, wakati wa kuponda. Kikombe kizima kinachomiminwa mwishoni kinalewesha tu, tena kwa siri, maana utamu na baridi humfichia mnywaji alichokunywa.

Na nyumba isiyoweka kileo? Kwa sheria za Ulaya kitakachopatikana si sangria, na hakuna haja ya kubishana nazo. Hatua zenyewe hazibadiliki hata moja. Rozela iliyochemshwa, gramu 30 za maua makavu kwa lita, inaleta wekundu na uchachu. Robo yake ikiwa chai ya rangi iliyokolea, unapata na ule ukavu wa ulimi ambao juisi tupu haina. Mafuta ya ganda hayatayeyuka humo kama kwenye pombe, yatatawanyika na kulifanya jagi kuwa na ukungu kidogo, lakini pua itayakuta. Kwa maoni yangu jagi hili, likitengenezwa kwa zamu, linalishinda la divai lililotengenezwa shaghalabaghala.

Yakiwepo majagi mawili mezani, yawekwe alama. Matunda yaliyokaa kwenye divai yametoa maji yake na kunyonya kileo, kwa hiyo yanayobaki chini ya jagi wasipewe watoto, na anayeendesha gari asile akidhani hajanywa.