Kupima Filamu ya Kisasi: Mfano wa Goyokin

Wapenzi wengi wa filamu za samurai huzipima kwa upanga: nani mwepesi, wangapi wameanguka. Kipimo hicho hakitoshi, maana mapigano mazuri hupachikwa kwenye hadithi yoyote. Anayetaka kujua ubora aulize kwanza kama kosa linalolipizwa lingeweza kutendeka popote pengine. Katika Goyokin ya Hideo Gosha, ya mwaka 1969, lisingeweza. Meli yenye dhahabu ya shoguni kutoka kisiwa cha Sado inazama karibu na kijiji cha wavuvi, wavuvi wanaiopoa dhahabu, kisha watawala wa ukoo wa Sabai, waliobanwa na ufukara, wanaitwaa na kuwaua wanakijiji ili siri isivuje. Uvumi unaachwa uenee kwamba wamechukuliwa na miungu. Umahiri wa baharini ndio uliowafanya wavuvi wale kuwa mashahidi, na kwa ushahidi huo wakauawa.

Bahari hiyohiyo ndiyo inayoendesha kisa hadi mwisho. Njama ya pili ya watawala hao ni kuhamisha moto unaoongoza vyombo usiku ili meli nyingine ipande mwamba, kwa hiyo samurai mlipiza kisasi, Magobei, anayeigizwa na Tatsuya Nakadai, hana budi kuupigania moto wenyewe. Hapo ndipo ufundi unapoonekana: kifaa cha kazi ya watu wa pwani kimegeuka kuwa silaha, na mtazamaji anaelewa hatari bila kuhubiriwa. Theluji nayo ina kazi. Inaganzisha vidole, na mpiganaji mwenye vidole vilivyokufa ganzi hashiki upanga sawasawa, hata awe bingwa.

Angalia pia deni la mlipizaji. Magobei alikuwapo siku ya mauaji. Aliondoka baada ya shemeji yake Tatewaki kumwahidi kwamba hayatarudiwa, na kwa miaka mitatu akanyamaza. Kisasi chake kinamshtaki yeye kwanza. Mlipizaji asiye na doa hurahisisha mambo mno, kwani humwachia mtazamaji kazi ya kushangilia tu.

Wapo watakaosema wavuvi wenyewe hawasikiki, na kwamba kilio chao kimekabidhiwa samurai. Hoja hiyo ina uzito. Oriha, binti anayerudi nyumbani na kukuta kijiji kitupu, angestahili nafasi kubwa zaidi, na huo ni upungufu wa kweli. Lakini nyumba zile zisizo na watu, kunguru wakizizunguka, zinamlazimisha mtazamaji ahesabu waliokosekana kabla hajaona upanga wowote ukishinda. Kwa sababu hiyo naiweka juu ya filamu nyingi za aina yake zenye mapigano makali zaidi.

Goyokin ndiyo filamu ya kwanza ya Kijapani kupigwa kwa Panavision, mfumo wa picha pana. Anayeitafuta asikubali nakala iliyokatwa pembeni. Achague yenye upana wake kamili, kwa sababu ufuo na bahari vimepangwa kuijaza picha yote.