Kioo Kisichotuona: Uhakiki wa Shairi la Joy Buolamwini

Katika uhakiki huu tunalitazama shairi la video AI, Ain't I a Woman? lililotolewa mwaka 2018 na Joy Buolamwini, msanii na mwanasayansi wa kompyuta mwenye asili ya Ghana. Kwa Kiswahili tunaweza kuliita "Akili Bandia, Je, Mimi Si Mwanamke?"

Shairi lina kisa nyuma yake. Akiwa mwanafunzi wa MIT nchini Marekani, Buolamwini aligundua kwamba programu ya kutambua nyuso haikuuona uso wake. Alipovaa kinyago cheupe, ikamwona. Mwaka huohuo wa 2018, yeye na Timnit Gebru walichapisha utafiti uliopima programu tatu kwa sura za wabunge 1,270 wa nchi sita, zikiwemo Rwanda, Senegali na Afrika Kusini. Katika kutaja jinsia, programu iliyofanya vibaya zaidi iliwakosea wanawake weusi kwa asilimia 34.7. Kwa wanaume weupe, kosa halikuzidi asilimia 0.8.

Kifani, hili ni shairi huru. Anwani yake ni tashtiti, nayo inaturejesha kwenye hotuba ya mwaka 1851 inayohusishwa na Sojourner Truth, mwanamke aliyewahi kuwa mtumwa. Mshairi anaghani huku picha za Oprah Winfrey, Serena Williams na Michelle Obama zikipita, na mashine ikizitaja kuwa za wanaume. Hata Sojourner mwenyewe anaitwa mwanamume. Mshairi hana haja ya kuikejeli mashine, inajikejeli yenyewe.

Uteuzi huu wa wahusika ndio nguvu ya shairi, kwani mtazamaji hahitaji kuelezwa kuwa mashine imekosea. Kwa mtazamo wetu, ndio upungufu wake pia. Mama muuza ndizi sokoni hana umaarufu wa kumtetea. Akikosewa yeye, nani atajua?

Swali hilo linatuhusu sisi walimu wa Kiswahili. Kiambishi a- katika "anapika" hakiulizi jinsia. Programu za tafsiri, zikiipeleka sentensi hiyo katika Kiingereza, mara nyingi huchagua kwa kufuata mazoea ya matini zilizofunzwa: mpishi huwa mwanamke, daktari huwa mwanamume. Tumesahihisha kazi za wanafunzi walionakili tafsiri za namna hiyo bila kushtuka. Mtu ambaye lugha yetu ilimwacha awe mtu tu, anarudi akiwa amevishwa kinyago.

Tunapendekeza shairi hili litazamwe katika somo la fasihi na pia katika somo la tafsiri. Mwanafunzi asiishie kuuliza mshairi amesema nini. Aulize pia mashine imefunzwa na nani, na kwa sura na sentensi za nani. Wahenga walituasa: usisafirie nyota ya mwenzio.