Kaburi Kabla ya Kicheko: Tashtiti ya Vita na Ufisadi Mpakani Busia na Tororo

Makala hii inahoji dai lililozoeleka katika uhakiki wetu kwamba tashtiti, kwa kuwa huwacheka wakubwa, daima husimama upande wa wanyonge. Msamiati wa mpaka wa Busia na Tororo unadhihirisha kwamba dai hilo lina ukweli nusu tu.

Tuanze na "mafuta mingi". Mwaka 1972 Idi Amin aliwapa Waasia siku 90 kuondoka Uganda. Maduka yao yakagawiwa wanajeshi na wapambe wa utawala. Raia wakawabandika matajiri hao wapya jina hilo. Kosa la upatanisho wa kisarufi, ambalo mwalimu angelisahihisha kuwa "mafuta mengi", ndilo linalobeba dhihaka: ni Kiswahili cha kambini, nacho kinamwonyesha kidole aliyenenepa kwa mali asiyoitolea jasho.

Linganisha na "chai" na "kitu kidogo" vya upande wa Kenya. Hapa pia pana ucheshi, ila mtendaji amefichwa. Hongo inapunguzwa ikawa kikombe. Anayeidai anageuka mgeni, anayeitoa anageuka mwenyeji mkarimu. Mchuuzi anayevusha gunia la mahindi hucheka na askari, hulipa, hupita. Kicheko chake ni sehemu ya malipo.

Hata hivyo, "mafuta mingi" nayo ina upungufu: inamkumbuka aliyenenepa, haimtaji aliyepotea. Tororo ilipitiwa na mapigano mwaka 1979 Amin alipoangushwa, na tena mwaka 1987 wakati wa uasi wa Alice Lakwena. Tashtiti isiyokuwa na nafasi kwa wafu wa vita hivyo imesimulia nusu ya habari.

Pengo hilo Francis Imbuga, mwandishi wa magharibi mwa Kenya, analiziba katika tamthilia ya *Betrayal in the City* (1976). Mulili, mwanajeshi na jamaa wa mtawala, anatuvunja mbavu kwa Kiingereza chake kibovu. Kisha ugomvi wa zabuni ya maziwa unamgharimu Kabito uhai, nasi tunatambua tulikuwa tukimchekea nani. Kicheko hicho hakipotoki kwa sababu tamthilia imefunguliwa kaburini kwa Adika, kijana aliyeuawa katika maandamano. Mfu ametangulia, mzaha umefuata.

Hicho ndicho kigezo tunachokipendekeza, nacho kina uzito wa kisera. Tangu marekebisho ya katiba ya mwaka 2005, Kiswahili ni lugha rasmi ya pili nchini Uganda, na mitaala inaendelea kuandaliwa. Tukiwafundisha wanafunzi "chai" kama mfano wa tasfida na kuishia hapo, tutakuwa tumewafunza adabu ya kutoa hongo. Somo halina budi kuuliza maswali mawili: neno hili linamficha nani, na gharama ya kicheko hiki imelipwa na nani?