Sinema na Mzigo wa Wapagazi

Msomaji, uketipo mbele ya sinema ya vita, macho yako huwa mashahidi wepesi wa kuamini. Bunduki hulia, meli huzama, nawe huondoka ukidhani umeijua historia. Kabla ya kuondoka na imani hiyo, jiulize: ni nani aliyeonyeshwa, na ni nani aliyeachwa?

Tuitazame The African Queen, sinema iliyotolewa mwaka 1951 na kuongozwa na John Huston. Asili yake ni riwaya ya C. S. Forester ya mwaka 1935. Hadithi yaanza mwaka 1914 katika Afrika ya Mashariki ya Wadachi. Mwanamke wa misheni na fundi mlevi wa mashua wateremka mtoni, wakiazimu kuizamisha meli ya Wadachi yenye kutawala ziwa. Humphrey Bogart, aliyeigiza fundi huyo, alipewa tuzo ya Oscar, na kwa hakika aliistahili. Jua na matope ya sinema hii si ya kubuni tu, maana picha nyingi zilipigwa Kongo na Uganda.

Historia yasemaje? Meli iliyokuwa mfano wa ile ya hadithi iliitwa Graf von Götzen, nayo ilikuwa katika Ziwa Tanganyika. Waingereza walileta mashua mbili, Mimi na Toutou, kwa reli kutoka Cape Town hadi Katanga. Kisha zikavutwa milimani kwa mitambo ya mvuke, ng'ombe na nguvu za watu. Desemba 1915 ziliiteka meli Kingani, na Februari 1916 Hedwig von Wissmann ikazamishwa. Lakini Götzen ilizamishwa na Wadachi wenyewe Julai 1916, isije ikatekwa. Baadaye iliopolewa, na mwaka 1927 ikarudi kazini kwa jina la Liemba.

Basi, tuihukumuje sinema hii? Kubadili jina la meli si kosa. Msanii ana ruhusa hiyo. Kubadili mwisho wa mambo twaweza kuvumilia, kwa sababu hatukuahidiwa taarifa ya vita. Kosa zito ni jingine. Mwanzoni kijiji chachomwa moto na wenyeji wake wachukuliwa kwa nguvu; tangu hapo Mwafrika harudi tena kama mtu mwenye jina na nia yake. Abaki askari apigaye risasi kutoka ngomeni.

Na vita vile vilikuwa vita vya wapagazi! Palipokosekana barabara, na mbung'o walipowaua wanyama, chakula na risasi vilikwenda juu ya vichwa vya watu. Makumi ya maelfu ya wapagazi walikufa, na waliouawa na maradhi na njaa walikuwa wengi kuliko waliouawa na risasi. Majina ya Kariakor ya Nairobi na Kariakoo ya Dar es Salaam yametokana na kikosi chao.

Pwani yetu yaijua habari hii. Mekatilili wa Menza alikamatwa mwaka 1913, baada ya kuwaunganisha Wagiriama kwa kiapo wakatae amri za serikali. Agosti 1914 Kaya Fungo ililipuliwa kwa baruti. Wagiriama waliposhindwa, miongoni mwa masharti ya amani waliyopewa ni kutoa watu 1,000 kwa kazi ya vita.

Huenda ukasema kwamba sinema ya saa mbili haiwezi kubeba yote. Ni kweli, nami siidai yote. Mpagazi mmoja tu, mwenye jina, mwenye hofu na hasira yake, angetosha kutukumbusha. Wazee husema mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi. Sinema hii imeuona mzigo huo kuwa mwepesi hivyo, hata ikauacha njiani.

Itazame, msomaji, uufurahie uigizaji wake. Kisha soma habari za Sabaki na za Ziwa Tanganyika, uandike majina ya waliosahauliwa, kila utakapoyapata.