Kanuni za Dordrecht Zasema Nini Kweli?

Ukiwauliza waseminari wetu, hata wale waliokwisha kumaliza filosofia, Wakalvini wanafundisha nini juu ya uteule wa milele, wengi watakujibu upesi: wanafundisha ya kuwa Mungu ameumba watu wengine kwa ajili ya mbingu na wengine kwa ajili ya moto, na ya kuwa mtu hana uhuru, ni kama jiwe tu. Jibu hili lapita toka kwa mwalimu hata kwa mwanafunzi, toka kwa mwanafunzi hata kwa katekista, na mwisho lafika kijijini, mahali katekista anapokaa nyumba ya tatu na mzee wa kanisa la Kiprotestanti. Huko ndiko linakovunjika. Kwani mzee yule, kama amefundishwa vizuri, atafungua kitabu chake na kuonyesha kwamba kitabu chasema kinyume. Na watu wanaosikiliza watasema: katekista wetu ametudanganya. Ubaya si kwamba ameshindwa maneno. Ubaya ni kwamba siku nyingine, atakaposema kweli, hawatamsadiki.

Juu ya hiyo tumetaka kusoma maandishi yao yenyewe. Hatukuchagua kitabu kikubwa cha Calvin, kile Institutio, alichoanza nacho mwaka 1536 chenye sura 6 na kukiongeza hata sura 80 mwaka 1559. Kile ni kitabu cha mtu mmoja. Tumechagua Kanuni za Dordrecht za mwaka 1619, kwa sababu ni neno la makanisa yao yaliyokutana, tena ni fupi: mwenye kujua Kilatini au Kifaransa aweza kuzimaliza jioni moja.

Kwanza tukumbuke zilivyozaliwa. Huko Uholanzi, katika chuo cha Leiden, Jacobus Arminius alikuwa mwalimu wa teolojia, naye Franciscus Gomarus alikuwa mwenzake. Wote wawili walijiita wana wa Calvin, lakini hawakupatana. Arminius alikufa mwaka 1609. Mwaka 1610 wafuasi wake waliandika vifungu vitano wakavipeleka mbele ya watawala: Mungu ameazimu kuwaokoa wale watakaoamini na kudumu katika imani, Kristu amekufa kwa ajili ya watu wote, mtu hawezi jambo jema pasipo neema, neema mtu aweza kuikataa, na kama mwenye imani aweza kuipoteza kabisa, neno hilo walitaka lichunguzwe zaidi katika Maandiko. Ugomvi uliwaka. Ukaingia katika siasa, kama inavyotokea mara nyingi: Prince Maurits akawa upande wa Gomarus, na mzee Johan van Oldenbarnevelt, mkubwa wa serikali ya jimbo la Holland, akawakinga wale wengine.

Sinodi ilifunguliwa Dordrecht tarehe 13 Novemba 1618. Walikuja wajumbe toka Uingereza, toka sehemu za Ujerumani, toka Uswisi na Genève. Wale wa Ufaransa walikatazwa na mfalme wao Louis XIII. Wafuasi wa Arminius, pamoja na Simon Episcopius msemaji wao, hawakuketi kama ndugu katika baraza. Waliitwa kama washitakiwa, na tarehe 14 Januari 1619 mwenyekiti Johannes Bogerman aliwafukuza ukumbini. Mwezi wa Mei Kanuni zilitangazwa, na tarehe 13 ya mwezi ule ule Oldenbarnevelt, mzee wa miaka 71, alikatwa kichwa. Wachungaji karibu 200 walinyang'anywa kazi zao. Hugo Grotius, mjuzi mkubwa wa sheria, alihukumiwa kifungo cha maisha, lakini mwaka 1621 mke wake alimtorosha ndani ya sanduku la vitabu. (Askari walidhani wanabeba teolojia tu, kwa namna moja hawakukosea.)

Mbele ya kuwatupia jiwe, tuangalie nyumbani mwetu. Miaka ile ile Wadominikani na Wayezuiti walikuwa wakigombana vikali juu ya neema na uhuru, tangu kitabu cha Luis de Molina kilipotoka mwaka 1588. Waliitana majina mabaya. Kesi ilifika Roma ikakaa huko miaka mingi, na mwaka 1607 Papa Paulo V aliifunga pasipo kumhukumu mtu: kila upande uendelee kufundisha, bila kuuita upande wa pili wazushi. Watu wengine waona huo ni woga. Sisi twaona ni hekima: Eklezya iliungama ya kuwa katika fumbo hili mlango mmoja wabaki umefungwa, na ufunguo hatunao. Dordrecht walitaka kuufungua kwa wingi wa sauti.

Kuna faida nyingine ya kujua habari hizi, nayo yatuhusu sana sisi wa Katanga. Fundisho la Arminius halikufa. John Wesley, baba wa Wametodisti, alihubiri mwaka 1739 kinyume cha uteule wa Wakalvini, akakosana na rafiki yake George Whitefield juu ya neno hilo. Na mwaka 1778 gazeti lake alilipa jina la Arminius. Basi, Wametodisti ambao twapakana nao Katanga ni wana wa wale walioshindwa Dordrecht! Kumshambulia Mmetodisti juu ya uteule wa Calvin ni kubomoa nyumba ambayo hakai. Wakalvini tulio nao Kongo ni hasa Wapresbiteri wa Kasai, ambao misioni yao ilianzwa Luebo mwaka 1891 na Samuel Lapsley na William Sheppard. Hao wafuata Ungamo la Westminster, la miaka ya 1640 huko Uingereza, lililo jirani sana na Kanuni zetu.

Sasa tufungue maandishi. Tukiyatafuta yale majibu ya upesi, hatuyaoni. Je, mtu ni jiwe? Sura ya tatu na ya nne, zilizounganishwa, zasema katika kifungu cha 16 kwamba neema haimtendei mtu kama gogo, haiondoi utashi wake wala haiulazimishi kwa nguvu, bali yauponya na kuugeuza. Je, Mungu ni mwanzo wa dhambi? Kifungu cha 15 cha sura ya kwanza chaliita wazo hilo kufuru. Je, Mungu huwakataa watu kwa namna ile ile anavyowateua wengine? Maneno ya mwisho ya Kanuni yakana hayo wazi. Wasema kwamba wanadamu wote wameanguka katika Adamu. Katika hao Mungu awatoa wengine kwa huruma, na wengine awaacha mahali walipojitupa wenyewe, kisha awahukumu kwa ajili ya dhambi zao. Gomarus alipenda kusema zaidi, kwamba uteule watangulia hata anguko; sinodi haikuandika hivyo.

Tena kuna neno linalotupasa kulikubali waziwazi. Kanuni zafundisha ya kuwa Mungu hamteui mtu kwa sababu alitangulia kuona wema wake. Waseminari wakisoma hapo huruka na kusema: Huo ni uzushi! Pole pole. Wafungue Summa ya Mtakatifu Toma, sehemu ya kwanza, swali la 23, kifungu cha 5. Watakuta Toma afundisha kwamba stahili zetu tulizotanguliwa kuonwa nazo si sababu ya kuteuliwa kwetu, kwani stahili zenyewe ni tunda la uteule. Mtaguso wa Orange wa mwaka 529 ulikwisha kusema kwamba hata mwanzo wa imani ni kipaji. Mwenye kumpinga Calvin kwa kusema 'Mungu anichagua kwa sababu mimi ni mwema' hakurudi kwa Toma. Ameangukia kwa Pelagio. Na tuseme kweli: mahubiri yetu mengi ya Kwaresima yana harufu ya Pelagio.

Basi kosa liko wapi? Twaona liko mahali pawili, nalo ni zito.

Pa kwanza ni sura ya pili. Yaanza vizuri: kifo cha Mwana wa Mungu kina thamani isiyo na mwisho, chatosha kufuta dhambi za dunia nzima, na Injili itangazwe kwa wote. (Wale wanaofundishwa kwa Kiingereza kwa herufi tano za jina la ua moja, na kukariri kwamba upatanisho una mpaka, hawakuitoa namna hiyo ya kusema Dordrecht.) Lakini kifungu cha 8 chasema kwamba Baba alitaka kifo hicho kiwaokoe kwa hakika wateule, na hao peke yao. Hapa mhubiri ashikwa. Atasimama mbele ya watu mia na kuwaambia wote: Njooni, naye moyoni ajua kwamba, kwa fundisho lake, hawezi kumwambia mmoja wao: Kristu alitaka kukuokoa wewe. Mtume Paulo amwandikia Timoteo kwamba Mungu ataka watu wote waokoke (1 Tim. 2, 4). Wakalvini wengi wajibu: maana yake ni watu wa kila aina. Jibu hilo hata Mtakatifu Augustino alilitumia. Lakini Eklezya haikulifanya sheria. Mtaguso wa Trento, mwaka 1547, ulishika kwamba Kristu alikufa kwa ajili ya wote, ijapokuwa si wote wanaopokea matunda ya kifo chake. Na Yansenio alipofuata njia iliyo karibu na ile ya Dordrecht ndani ya Eklezya yetu wenyewe, Papa Inosenti X alimhukumu mwaka 1653. Kumbe hatuwakatazi Waprotestanti neno ambalo tuliwaruhusu watu wetu.

Pa pili ni sura ya tano, juu ya kudumu. Kanuni zakiri kwamba watakatifu waweza kuanguka vibaya; zawataja Daudi na Petro. Lakini zasema Mungu hawaondolei Roho wake kabisa. Mbegu yabaki, nao hakika watarudi. Fundisho hili lina utamu, hatukatai. Mtu aliye katika majaribu hupata faraja nyingi humo, na kifungu cha 16 cha sura ya kwanza chamsemesha kwa upole yule asiyeona bado imani kubwa moyoni mwake. Padri atakayekisoma atajifunza kitu juu ya kuongoza roho za watu.

Lakini tuchukue mfano. Mtu alibatizwa, akafundisha watoto miaka ishirini, akasali, akatembelea wagonjwa. Kisha akaiacha imani, akafa hivyo, kwa kadiri macho yetu yanavyoona. Sisi twasema: neema ile ilikuwa ya kweli, na ameipoteza, hukumu ni ya Mungu. Mkalvini wa Dordrecht yampasa kusema: haikuwa kamwe neema ya kweli, ilikuwa sura yake tu. Ona sasa matokeo. Kama miaka ishirini ya yule ilikuwa sura tu, naye aliisadiki kuwa kweli, mimi ninayesali leo nitajuaje kwamba yangu si sura? Fundisho lililotaka kutoa hakika lairudisha hofu kwa mlango wa nyuma. Katika historia yao walikuwako Wakristu wengi waliojichunguza mchana na usiku wakitafuta alama za uteule wao. Trento ulikuwa mnyenyekevu zaidi: hakuna ajuaye kwa hakika ya imani kwamba atadumu hata mwisho, isipokuwa afunuliwe na Mungu, lakini wote watumaini msaada wake kwa nguvu. Matumaini si hakika, na hayahitaji kuwa hakika.

Wakalvini wenyewe wameuona uzito huo. Karl Barth, mwalimu mkubwa wao, aliandika upya fundisho lote la uteule mwaka 1942: asema aliyeteuliwa kwanza ni Yezu Kristu, na aliyekataliwa ni yeye pia, aliyeibeba laana mahali petu. Hatusemi ametatua yote; wengine waliuliza kama hafundishi kwamba wote wataokoka, naye hakujibu wazi. Lakini alitoa macho ya watu katika amri iliyofichwa na kuyageuza kwa Msalaba. Asiyejua jina hili asiandike kitu juu ya Wakalvini wa leo.

Limebaki neno moja, na kwetu ni la kila mwezi. Kifungu cha 17 cha sura ya kwanza chawaambia wazazi wenye imani wasiwe na shaka juu ya uteule na wokovu wa watoto wao wanaokufa wakiwa wachanga. Miaka ile ile, na muda mrefu nyuma yake, sisi tulikuwa tukiwaambia mama zetu habari za limbo. Katika kijiji ambako kila nyumba imezika mtoto, maneno hayo mawili hayakuwa na uzito mmoja, na wazee wanaokumbuka waweza kutuambia mama wengine walikwenda wapi kutafuta faraja. Kanuni zajenga juu ya agano la wazazi. Kwa hiyo zawanyamazia watoto wa wapagani, na hapo ndipo zilipokosa upana. Mwaka 2007 Tume ya Kimataifa ya Teolojia huko Roma ilieleza kwamba tuna sababu kubwa za kutumaini wokovu wa watoto waliokufa pasipo ubatizo, kwa msingi ule ule wa 1 Tim. 2, 4 ambao Dordrecht waliupunguza. Tumaini hilo lilikuwa limekwisha kuingia katika sala yetu: Misale ya mwaka 1970 ina Misa ya mazishi ya mtoto aliyekufa mbele ya kubatizwa. Padri ambaye hajaitumia bado aifungue kabla ya kuitwa kwenye msiba ujao.